Kioo Kilibaki Kijani

3 Machi

Mdogo wangu,

Shemeji yako ametoka hospitali jana. Ningekupigia, lakini nyumba hii unaijua: kuta ni nyembamba na baba watoto ana masikio ya paka. Kila ukipiga najibu "tunaendelea vizuri" huku ananitazama, na wewe unaniamini. Kwa hiyo simu tuiachie salamu. Dereva wa gari la vipuri anayekwenda huko kwenu makao makuu ya shirika la umeme kila wiki amekubali kubeba bahasha zangu, na mimi nimekubali kumpa mkate wa moto kila akipita.

Sasa kaa chini. Nilikuambia vidole. Si vidole. Wameukata mkono wa kulia chini ya kiwiko. Nilishindwa kulitamka hilo kwenye simu, na kadiri siku zilivyopita ndivyo lilivyozidi kunikaba. Usinikasirikie sasa. Nikasirikie baadaye, nikiwa na nguvu za kujibu.

Anakula. Anatania. Amewaambia watoto kwamba Kipanga, jina wanalomwita kazini, amepunguza bawa moja ili ndege wengine nao wapate nafasi angani. Wanacheka, naye anacheka. Lakini nikitoka chumbani na kurudi ghafla namkuta anautazama ukuta kama mtu anayesubiri useme kitu.

Watu wa uchunguzi walimfuata mpaka kitandani. Wanasema alinyoosha mkono kuelekea waya wenye umeme. Mtu aliyepanda nguzo tangu kabla sijamjua, aunyooshee mkono waya? Lakini mimi mwoka mikate, nitabishana na nani.

Nina ombi. Mtafutie kazi huko mjini, ghalani, dukani, popote penye sakafu na paa. Mbali na nguzo, mbali na kituo. Ila asijue kwamba nimeomba mimi. Akijua nimemwombea kazi ya kuhesabu bolti ataninunia mpaka uzeeni.

Dada yako


10 Machi

Shemeji,

Usicheke. Hizi si nyayo za kuku, ni mkono wa kushoto. Yule mama wa mazoezi hospitalini ameniambia niandike kila siku, chochote kile. Nimeandika majina ya watoto mpaka wenyewe wameyachoka. Nikaona heri nimwandikie mtu atakayesoma. Dereva wa vipuri anasema anakwenda ofisini kwenu, na amekataa mkate wangu, anadai tayari ana mwingine. Sijui wa nani.

Najua dada yako alikuambia vidole. Nilimsikia. Nikamwacha.

Nakuomba jambo, na usimwambie. Nataka kurudi kazini. Kupanda, basi, hilo limekwisha, sijapoteza akili pamoja na mkono. Lakini kituoni pana kiti cha mwangalizi, cha mtu anayepokea habari, anayeruhusu mafundi kupanda na kuwashusha. Kiti hicho hakihitaji mikono miwili. Kinahitaji mtu anayejua huko juu kukoje.

Tatizo ni ile ripoti ya uchunguzi. Ikitoka inavyosemwa itatoka, mimi ni fundi aliyeshika waya. Nani atampa fundi aliyeshika waya kiti cha kulinda wenzake?

Sikushika waya, Shemeji. Tulikuwa tunabadilisha vikombe, vile vya kauri vinavyoshikilia waya, kwenye nguzo ya laini ya pili, iliyozimwa. Laini ya kwanza, jirani yake, ilikuwa na umeme. Upepo ulivuma, waya wa laini ya kwanza ukakatika na kuangukia nguzo yetu. Kituo chetu kilikata hapohapo, nilisikia ile swichi kubwa ikilia. Nikasema moyoni, tumepona. Lakini waya uliendelea kunguruma. Mwenzangu Msumari alikuwa chini yangu, mkanda wake umenasa kwenye chuma, waya unamkaribia. Nilinyoosha mkono kumvuta Msumari. Huo ndio mkono walioona.

Kwa nini uliendelea kunguruma? Hilo ndilo ninalouuliza ukuta.

Shemeji yako,
Kipanga


12 Machi

Dada yangu mpenzi,

Nimekaa chini kama ulivyosema, nikalia, nikanawa uso, nikarudi kwenye mkutano. Hasira nimeiweka akiba.

Ya ghala nimesikia, nitauliza. Mengine hapa ni kazi tu, vikao na nyaya, hayana la kukuambia. Wabusu watoto.

Mdogo wako


12 Machi

Shemeji,

Nimesoma mara nyingi. Mwandiko wako ni mzuri kuliko wa mkuu wangu wa kitengo, na yeye ana mikono yote miwili.

Sasa nisikilize. Dada hajui, na nimetoka kumwandikia barua ambayo haisemi kitu: wiki iliyopita nimeingizwa kwenye hiyo timu ya uchunguzi, kama mhandisi wa mawasiliano. Nilisema kwamba wewe ni shemeji yangu. Wakasema kitengo chetu kina watu wawili na mwenzangu yuko likizo ya uzazi, kwa hiyo nibaki, ila nisiandike sehemu inayokuhusu wewe. Sawa. Nitaandika inayohusu nyaya.

Swali lako ndilo swali lenyewe. Laini ina ncha mbili, kituo chenu na kituo kikuu, na kila ncha ina rilei, kile kifaa kinachohisi hitilafu na kuamuru swichi kubwa ikate. Ya kwenu iliona hitilafu karibu, ikakata. Ile ya mbali haioni vizuri kilichotokea mlangoni kwenu. Inasubiri kuambiwa na mwenzake: kata na wewe. Ikiambiwa, inakata kabla hujamaliza kupepesa jicho. Isipoambiwa, inahesabu muda wake wa tahadhari kwanza, na muda wote huo inaendelea kulisha umeme. Wewe ulikuwa ndani ya muda huo.

Kwa hiyo kwa nini haikuambiwa? Njia za kupitisha neno hilo ziko mbili, makusudi, ili moja ikifa nyingine ibaki. Ya kwanza ni madishi yanayotazamana kupitia mlimani. Ya pili ni waya wa faiba. Mkuu wangu anasema zote zilikuwa hai, chumba cha udhibiti kilikuwa kinaziona kijani, yaani nzima, kwenye kioo cha kompyuta. Anasema rilei ilichelewa kwa sababu hitilafu ilikuwa ya ajabu, na kwamba usingeumia kama ungekaa mahali pako.

Niambie yote ya siku ile kabla hamjapanda. Hata upuuzi.

Mhandisi (jina ulilonipa mwenyewe, sasa nalivaa)


19 Machi

Mhandisi,

Upuuzi ninao mwingi. Asubuhi Msumari alisahau helmeti, tukamrudisha. Mvua ilikuwa imenyesha huko milimani tangu alfajiri. Kwetu palikuwa pakavu.

Ruhusa niliomba mwenyewe kama kawaida, maana kile kiti cha mwangalizi bado kiko wazi. Unajua masharti: ukifanya kazi kando ya laini yenye umeme, njia zote mbili za mawasiliano ziwe nzima. Hata moja ikiwa mbovu, laini jirani nayo izimwe kwanza. Nilimuuliza yule dada wa chumba cha udhibiti, nikamuuliza tena. Akasema, "Kipanga, zote kijani, panda na amani." Simlaumu. Ana sauti ya mtu anayetazama kweli.

Nilimpigia kwa simu yangu ya mkononi, vocha yangu mwenyewe, kwa sababu simu ya mezani ya kituo ilikuwa imekufa tangu asubuhi. Msumari akasema wakubwa wamesahau kulipa bili. Tukacheka. Nilipotoka hospitali nikasikia ilifufuka yenyewe jioni ileile. Ndiyo upuuzi wote nilionao.

Dada yako ananipikia kama mtu anayenenepeshwa auzwe. Ananiuliza kama ningependa kuishi mjini. Anauliza kwa upole mno. Huo upole wake unanitia wasiwasi.

Kipanga


2 Aprili

Shemeji,

Simu ya mezani! Laiti ungejua nilivyoruka kwenye kiti.

Simu ile haina bili. Ni yetu wenyewe, inapita kwenye faiba, faiba ileile inayobeba neno la "kata". Kama simu ilikufa asubuhi, basi faiba nayo ilikufa. Sasa kioo kilikuwa kijani kwa namna gani?

Nikaomba gari nikapanda mlimani mwenyewe. Ni mwendo wa kutapika. Juu pana mnara, na chini yake kibanda cha matofali chenye mlango unaofunguka kwa teke. Nilidhani nitakuta vifaa vya madishi tu. Nikakuta na vya faiba pia, vimekaa bega kwa bega kwenye kabati moja. Kwenye mchoro, faiba inatoka kituo chenu mpaka kituo kikuu, mstari safi usiogusa mlima. Kumbe katikati ya safari iliingizwa kibandani kwa sababu kilikuwa tayari kimejengwa na kina umeme. Na kabati zima linategemea seti moja ya betri. Moja, Shemeji. Nilizipima. Ziko kama mzee aliyepanda ngazi: zinasimama, lakini usizipe mzigo.

Nadhani nimekwisha kuelewa. Mvua ya mlimani ilikata umeme wa kijiji cha huko. Betri zikashika kidogo, zikaanguka. Madishi yakafa, faiba ikafa, simu yenu ikafa, yote kwa pamoja. Jioni umeme wa kijiji ukarudi na vyote vikafufuka, na hakuna aliyejua kwamba vilikuwa maiti.

Na kioo je? Hilo ndilo lililonikosesha raha mpaka jana. Habari za "nimekufa" zinasafiri kwa njia zilezile kupitia kibanda kilekile. Njia zikifa, habari ya kufa kwao haifiki. Kioo kinabaki na rangi ya mwisho kiliyoiona.

Nimempelekea mkuu wangu. Amenisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Binti, hiyo ni dhana. Njia mbili ni mbili. Mchoro umepitishwa." Nikamwomba tukapime. Akakataa. Nikaomba tena kwa maandishi. Akakataa kwa maandishi.

Ripoti inayokufungia njia ya kurudi kazini inapelekwa kusainiwa mwisho wa mwezi. Sitaisaini.

Mhandisi


6 Aprili

Wewe,

Bahasha ilikuja yeye akiwa kwenye mazoezi. Iliandikwa jina la nyumba tu. Nimezoea kumfungulia bahasha, yeye hawezi kwa mkono mmoja. Nikafungua.

Kwa hiyo mnaandikiana. Kwa hiyo wewe uko kwenye ule uchunguzi, na mimi unaniambia "vikao na nyaya, hayana la kukuambia". Mimi nilikufungulia moyo, nikakuomba umtoe kwenye nguzo, na wewe ukanijibu "nitauliza" huku unamchimbia njia ya kurudi. Unajua nilivyomkuta siku ile wodini? Unajua harufu? Hukuwepo.

Barua nimemwekea mezani, wazi. Ataikuta akirudi.

Usinitumie mkate wa maneno.

Dada yako, bado


9 Aprili

Dada,

Una haki ya kila neno. Nilikuficha kwa sababu niliogopa kukupa tumaini kisha lianguke. Ni sababu ileile iliyokufanya uniambie vidole. Tumelelewa nyumba moja.

Lakini sasa nitasema wazi, na bahasha hii nimeiandika jina lako, anayetaka kufungua afungue.

Wewe uliniomba nimtoe, usimwambie. Yeye aliniomba nimrudishe, nisikuambie. Nimebeba siri zenu mbili kwenye mkoba mmoja mpaka zimeanza kupigana. Mimi si posta yenu. Mnalala kitanda kimoja. Semezaneni.

Kuhusu ghala, niliuliza kweli. Nafasi ipo. Ila huenda nikaipata mimi, kwa sababu nimekataa kusaini ripoti, na mkuu wangu ameniambia kwamba wahandisi wasiosaini wanafaa sana kuhesabu bolti.

Sikukataa kwa ajili ya shemeji peke yake, ingawa sitadanganya kwamba undugu haumo. Dada, kile kibanda kiko vilevile leo. Betri zilezile. Kesho Msumari na wenzake watapanda, watauliza njia zikoje, na yule dada atatazama kioo chake na kuwaambia kwa moyo safi, panda na amani. Mkimhamishia Kipanga mjini, wake za wale wengine bado watakuwa hapo mtaani kwako wakinunua mikate. Utawatazamaje? Mimi nitawatazamaje?

Nikasirikie. Lakini mimi sisogei.

Mdogo wako


16 Aprili

Mdogo wangu,

Tumesemezana. Tulianza kwa kelele, watoto wakaenda kwa jirani wenyewe bila kutumwa. Akasema ninamfanya mzigo. Nikasema yeye ananifanya mjane. Ndipo akaniambia jambo ambalo hajawahi kuniambia: kwamba mkono ulipoungua, hakuusikia. Alichosikia ni uzito wa Msumari ukimjia, akajua amempata. "Ningekuwa na mikono mitatu," akasema, "ningetoa na huo."

Nitabishana nini na mtu wa namna hiyo?

Sijakubali arudi. Sikiliza vizuri, sijakubali. Nimesema hivi: akae kwenye kile kiti siku ambayo wewe, mdogo wangu, utaniambia kwa mdomo wako kwamba neno litafika ng'ambo. Si mkuu wako, si mchoro. Wewe.

Jana mke wa Msumari alikuja dukani. Nilimfungia mkate, nikampa na wa pili bila kumlipisha. Barua yako imeniharibia biashara.

Kaza hapohapo. Wakikupeleka ghala, tutakuletea chakula.

Dada yako


30 Aprili

Dada na Shemeji,

Naandika moja kwa wote wawili. Enzi za mkoba zimekwisha.

Ripoti ilipoletwa isainiwe nikakataa kama nilivyosema, ikakwama. Siku ya pili mkuu wangu akasimama mlangoni kwangu, funguo za gari mkononi. "Tunapanda Jumapili," akasema. "Laini ya kwanza itakuwa imezimwa, umeme wote utapita ya pili. Ukikosea, utanisomea ripoti yote kwa sauti na kuisaini mbele yangu." Nikamwambia sawa.

Tulikwenda sisi wawili na dereva. Magoti ya mkuu ni mabovu, ule mwinuko wa mwisho aliupanda kwa kushika nyasi. Kibandani akalitazama lile kabati muda mrefu. Akapapasa nyaya za faiba mpaka zinapoingia. Akampigia yule dada wa chumba cha udhibiti kwa simu ya mkononi.

"Kioo kinasemaje?"

"Njia zote mbili kijani, Mkuu."

Akageukia ukuta, akazima umeme wa kijiji unaoingia kibandani. Tukasubiri. Betri zikaanza kulalamika mapema kuliko hata nilivyotabiri, kisha taa za vifaa zikazimika moja baada ya nyingine, madishi kwanza, faiba ikafuata. Kibanda kikawa kimya. Hata feni.

"Sasa kinasemaje?"

"Kijani, Mkuu."

"Tazama vizuri, mama."

"Natazama, Mkuu. Zote mbili. Kuna tatizo?"

Mkuu akakata simu. Alitoka nje akaketi kwenye kizingiti. Nilidhani atanilaumu kwa jambo fulani, nikawa nimejiandaa kwa hoja. Akasema, "Wale mafundi wamepanda mara ngapi kwa kuamini rangi hii?" Akasema tena, taratibu, "Laini jirani izimwe kila watu wakipanda, kuanzia leo, kioo kiseme kisiseme. Mpaka tujenge upya." Akapiga simu na kuagiza hapohapo, kwenye kizingiti, kabla hata ya kuwasha umeme.

Tukishuka akaniuliza ningejenga nini. Nikamwambia. Faiba mpya ipite juu ya nguzo za laini yenyewe, ndani ya ule waya wa juu kabisa wa kukingia radi, itoke kituo hadi kituo bila kuukaribia mlima. Kila ncha iwe na betri zake. Madishi yabaki kama njia ya pili, na njia hizi mbili zisikutane popote, hata kwa soketi ya ukutani. Na kioo kifundishwe tabia mpya: kila njia iseme "nipo" bila kuchoka, na ile "nipo" ikikosekana tu, rangi iwe nyekundu. Kimya kisihesabiwe tena kuwa salama.

"Na ripoti?" nikauliza.

"Ripoti nitaiandika mimi," akasema. "Wewe una nyaya za kuvuta."

Mdogo wenu


14 Mei

Kwa Fundi Mkuu wa Laini, Kituo cha Mwisho

YAH: MAREKEBISHO YA RIPOTI YA AJALI

Tafadhali rejea mahojiano uliyofanyiwa hospitalini.

Sentensi isemayo kwamba ulinyoosha mkono kuelekea waya imeondolewa. Mahali pake imeandikwa kwamba ulinyoosha mkono kumwokoa mwenzako, na kwamba umeme uliendelea kulishwa kutoka kituo kikuu kwa sababu amri ya kukata haikuweza kufika. Chanzo kimetajwa kuwa ni mpangilio wa mawasiliano, ambao niliupitisha mimi.

Kamati imeridhia kwamba kiti cha mwangalizi wa kituo kikitangazwa, maombi yako yapokelewe bila kizuizi chochote.

Nilitaka kuja kukuambia haya ana kwa ana. Bado nataka, ukiniruhusu.

Mkuu wa Kitengo cha Mawasiliano


11 Septemba

Mhandisi,

Mkuu wako alikuja. Nilidhani nitamchukia, nikawa nimepanga maneno. Akaomba radhi akiwa bado amesimama, kofia mkononi, na dada yako akamwambia kaa basi unakanyaga unga. Tukanywa chai. Ni mtu. Anapenda mikate ya mbegu.

Vijana wako wamefika na mapipa ya waya. Msumari anajidai yeye ndiye anayejenga mtandao, kwa kuwa amebeba pipa moja. Mimi nakaa chini na darubini nikipiga kelele. Bado sina kiti rasmi, dada yako ananikumbusha kila asubuhi kwamba hajakubali. Lakini ameninunulia kalamu nene isiyoteleza. Sasa hiyo ni lugha gani?

Kipanga


9 Oktoba

Dada,

Uliniambia niseme kwa mdomo wangu. Kesho nitapiga simu niseme, lakini nataka uwe nalo pia kwenye karatasi.

Leo tumekata madishi, neno likafika kwa faiba. Tumewasha madishi, tukakata faiba, neno likafika kwa madishi. Tukakata zote mbili, kioo kikawa chekundu kabla sijatoa mkono kwenye swichi, na yule dada wa chumba cha udhibiti akapiga simu mwenyewe akifoka, "Nani anachezea njia zangu?" Nilimpenda kuliko ndugu.

Siwezi kukuahidi kwamba upepo hautakata waya. Hata hivyo waya ukikatika, ncha zote mbili zitajua kwa pamoja.

Neno litafika ng'ambo. Nasema mimi.

Mdogo wako


21 Novemba

Mdogo wangu,

Nakuandikia nikiwa na unga mpaka kwenye nyusi, kwa sababu nikisubiri kunawa sitaandika.

Leo mchana upepo ulikuja ghafla, ule wa kung'oa mabati. Nilikuwa nimetia trei tanurini. Taa za duka zikapepesa, mara moja tu. Wateja hawakugeuza hata shingo. Mimi nilijua. Shemeji yako yuko kwenye kile kiti tangu mwezi uliopita, na asubuhi aliniambia kwamba vijana wapo juu, laini ya pili.

Niliacha duka wazi. Nilikimbia na aproni mpaka getini kwa kituo, mlinzi akaniita sikumsikia. Njiani kichwani nilikuwa nimekwisha kumuuliza daktari, nimekwisha kuwaambia watoto. Nikafungua mlango.

Amekaa. Simu imebanwa begani, anaandika kwa mkono wake wa kushoto, taratibu. Akanionyesha kidole nisubiri.

"Kumetokea nini?" nikasema.

"Mti umeangukia laini ya kwanza. Umeiangusha karibu na vijana."

"Nani kaumia?"

"Hakuna."

"Nani kaumia, nakuuliza!"

"Mama watoto, hakuna. Pande zote mbili zilikata pamoja. Waya ulipofika kwenye nguzo yao ulikuwa kamba tu."

Nikatoka nje. Wanashuka, wanabishana. Msumari anasema alisikia mlio, mwenzake anasema ni radi. Wanabishana kama watu waliokatishwa mpira! Mmoja akaniuliza mbona nalia, kuna msiba? Niliwashika mmoja mmoja, mikono, mabega, mpaka wakaanza kuogopa kwamba nimerukwa na akili.

Trei yote ya mikate imeungua. Wamekuja dukani wakaila nyeusi hivyohivyo, wakasema ina ladha.

Shemeji yako amerudi jioni, amechoka, anataka kuniomba radhi kwa kunitia hofu. Nimemwambia ale, alale, na kesho asichelewe kazini.

Dada yako